Mto Dijla na Mizani ya Baghdad

Wazee wetu wa Lamu, Mombasa na Unguja walizijua tende za Basra kabla ya kuijua Basra yenyewe. Zilikuja na majahazi wakati wa kaskazi, zimeshindiliwa ndani ya makanda. Na kusi ilipoanza kuvuma, majahazi yale yale yaligeuza tanga yakarudi na boriti za mikoko za Lamu na za Rufiji, zikaenda kuezekea nyumba za watu wa Ghuba. Mtoto aliyekuwa akidokoa tende katika kanda la baba yake hakujua kwamba Basra ni mlango tu. Nyuma ya mlango huo kuna mito miwili, Furati na Dijla, na juu ya Dijla, ambao Wazungu huuita Tigris, kuna mji ambao zamani ulikuwa miongoni mwa miji mikubwa kabisa ya ulimwengu.

Khabari za mto huo na watu waliofanya kazi juu yake ndizo tutakazozieleza hapa, inshallah. Hatuzielezi kwa ajili ya kujivunia fakhari iliyopita. Tunazieleza kwa kuwa ndani yake mna funzo linalotuhusu sisi watu wa pwani, tunaopakia na kupakua, tunaopima na kupimiwa, na tunaovuka maji pamoja na wake zetu na watoto wetu.

KWA NINI MJI UKAWEKWA PALE

Khalifa Abu Jaafar al-Mansur, wa pili katika makhalifa wa Bani Abbas, alianza kuujenga mji wake mwaka 145 wa Hijriya (762). Aliuita Madinatus-Salaam, yaani Mji wa Amani, lakini watu waliendelea kuuita kwa jina la kijiji kilichokuwapo pale zamani: Baghdad. Ulijengwa mviringo, na ulikuwa na milango minne: Mlango wa Basra, wa Kufa, wa Khurasan na wa Sham.

Mwanahistoria Tabari anasimulia kuwa jambo kubwa lililompendeza Khalifa katika mahali pale lilikuwa ni maji. Dijla ungemletea bidhaa za Basra na Bara Hindi, hata za China. Na Furati ungemletea chakula cha Sham na Raqqa. Baina ya mito hiyo miwili palikuwa na mifereji, na mmoja wao, ulioitwa Nahr Isa, ulipitisha vyombo kutoka Furati mpaka mitaa ya Karkh, kando ya Dijla. Unga ulitoka Raqqa ukafika Baghdad juu ya maji. Mwenye duka yeyote ataifahamu hikima hii upesi: mzigo ukibebwa na mnyama, mnyama naye atakula njiani, lakini mto haulishwi.

Katika ujenzi huo limetajwa jina la mtu tunayemheshimu sote, Imam Abu Hanifa. Tabari anasema kuwa Khalifa alimtaka awe kadhi, naye akakataa. Basi akapewa kazi ya kusimamia matufali na kuyahesabu. Inasemwa kuwa hakuyahesabu moja moja. Alichukua utete akayapima marundo yake, akajua idadi. Imam huyo, aliyefariki Baghdad mwaka 150 (767), alikuwa pia mfanya biashara ya nguo, na imesimuliwa kuwa siku moja mshirika wake aliuza vitambaa akasahau kumwonyesha mnunuzi kitambaa kilichokuwa na aibu. Mnunuzi hakupatikana tena. Abu Hanifa akaitoa sadaka thamani ya mzigo wote, wala hakubakisha hata sehemu ya vitambaa vilivyokuwa vizima. Tukikumbuke kisa hiki, kwani tutakirudia.

VYOMBO NA WATU WA MTONI

Mtu wa pwani angeviona vyombo vya Dijla angevicheka kwanza, kisha angevistaajabia. Kimoja kiliitwa quffa. Kilikuwa mviringo kama kapu kubwa, na kwa hakika kilisukwa kama kapu, kisha kikapakwa lami nje. Lami hiyo ilitoka Hit, mji ulio kwenye mto Furati, ambako hububujika yenyewe kutoka ardhini. Pale ambapo fundi wetu hulipaka jahazi sifa na shahamu, fundi wa Dijla alipaka lami. Quffa haikuwa na omo wala tezi. Ukipiga kafi vibaya huzunguka papo hapo kama pia. Hata hivyo ilivusha watu, kondoo, matikiti na magunia ya nafaka, karne baada ya karne, hata ikaonekana bado inafanya kazi Baghdad katika karne ya 20.

Chombo cha pili kiliitwa kelek. Hiki kilikuwa tishari la magogo lililofungwa juu ya viriba vya ngozi ya mbuzi vilivyopulizwa pumzi, makumi yake, na katika matishari makubwa mamia yake. Yaliteremka kutoka Mosul na milima ya kaskazini, yakichukuliwa na mkondo, yamebeba nafaka, matunda na kuni. Njiani watu wake walikuwa na kazi ya kuvilowesha viriba visikauke na kuvipuliza tena vilivyolegea. Walipofika Baghdad hawakuweza kurudi, kwani mkondo una nguvu. Basi waliuza mzigo, wakauza na magogo yenyewe, maana nchi ile ina upungufu wa mbao. Wakavitoa viriba pumzi, wakavikunja, wakavipandisha juu ya punda, wakashika njia ya nchi kavu kurudi kwao. Herodotus, mwandishi wa Kiyunani aliyeishi karne ya 5 kabla ya kuzaliwa Nabii Isa (a.s.), alieleza jambo lililofanana na hili katika mto wa Babil: wafanya biashara walimchukua punda wao ndani ya chombo wakati wa kuteremka, ili awabebee ngozi wakati wa kurudi. Elimu ya kazi ya mikono hurithiwa hivyo, kutoka kwa baba hadi kwa mwana, hata zikibadilika dola na lugha.

Kuvuka kutoka ng'ambo hii hadi ng'ambo ile kulikuwa kwa daraja la mashua. Mashua zilipangwa ubavu kwa ubavu, zikafungwa kwa minyororo, na juu yake zikalazwa mbao. Mto ulipofurika daraja hilo liliweza kuchukuliwa na maji. Ibn Jubayr, msafiri wa Andalusi aliyefika Baghdad mwaka 580 (1184), alikuta daraja limekwenda na maji, na watu wanavuka kwa vyombo visivyohesabika, usiku na mchana.

Fikiri basi, ewe msomaji, riziki ngapi zilitegemea maji yale: wavushaji, wavuvi, mahamali, wasukaji wa quffa, wachota maji, wenye kupima nafaka na wenye kuisaga. Yaaqubi, aliyeandika kitabu chake cha nchi na miji mwaka 278 (891), ametaja kinu kimoja cha maji kilichokuwa na mawe mia moja ya kusagia.

SOKO LA KARKH

Masoko hapo mwanzo yalikuwa ndani ya mji wa mviringo. Mwaka 157 (774) al-Mansur aliyahamisha kwenda Karkh, nje ya ukuta, karibu na mifereji. Huko kila biashara ilikuwa na mahali pake. Matunda yalikuwa na soko lake lililoitwa Darul-Battikh, Nyumba ya Matikiti, ingawa ndani yake yaliuzwa matunda ya kila namna. Wauza vitabu nao walikuwa na soko lao, na Yaaqubi amesema kuwa maduka yao yalipita mia moja. Karatasi ilikuwa imeanza kutengenezwa Baghdad mwishoni mwa karne ya 8, na tangu hapo kitabu kikawa bidhaa ambayo hata mtu wa kati aliweza kuinunua. Hivyo mto uliolisha matumbo ulilisha na akili.

MTU ALIYEANGALIA MIZIGO

Lakini penye watu wengi na mali nyingi, shetani naye hufungua duka. Je, ni nani aliyemzuia muuzaji asitie jiwe chini ya pishi, na nahodha asipakie kupita kiasi?

Kazi hiyo ilikuwa ya muhtasib. Kadhi hukaa barazani akangoja mashtaka, lakini muhtasib hutoka mwenyewe akazunguka sokoni, akaangalia mizani, vipimo na unga wa muoka mikate, bila ya kungoja mtu kulalamika. Mwanachuoni Mawardi, aliyekuwa kadhi na akafariki Baghdad mwaka 450 (1058), ameyaeleza madaraka yake katika kitabu chake cha hukumu za utawala. Miongoni mwa aliyoyaandika pana maneno juu ya vyombo vya majini ambayo kila mwenye mashua angefaa kuyasoma. Anasema kuwa muhtasib huwazuia wenye vyombo wasipakie mzigo ambao chombo hakiuwezi na ikakhofiwa kuzama. Huwazuia wasisafiri upepo unapokuwa mkali. Na wakipakiwa wanaume na wanawake pamoja, huamrisha pawekwe pazia baina yao, na chombo kikiwa kikubwa, wanawake watengewe mahali pao pa haja, ili wasidhalilike safarini.

Tazama, ndugu yangu. Haya yaliandikwa miaka karibu elfu iliyopita. Kuna kiasi cha mzigo, kuna hali ya hewa, kuna heshima ya abiria. Na wala Mawardi hakuyaweka katika mlango wa ufundi wa uhunzi au useremala. Aliyaweka katika mlango wa kuamrisha mema na kukataza maovu, pamoja na sala na mizani. Kwake yeye, nahodha anayejaza watu kupita kiasi ni mwenye munkar, kama alivyo mwenye kupunja kibaba.

Asili ya hayo ni Mtume wetu (s.a.w.) mwenyewe. Alipita sokoni akaona rundo la nafaka, akatia mkono ndani, vidole vikatoka na umaji. Mwenye nafaka akatoa udhuru wa mvua. Mtume akamuuliza kwa nini basi asiiweke iliyorowa juu, watu waione. Kisha akabainisha kuwa mwenye kudanganya hayumo katika njia yake. Na Qur'ani ina sura nzima, ya 83, inayoanza kwa onyo kali juu ya wanaotaka kutimiziwa wakipimiwa, na wanaopunguza wakiwapimia wengine.

PALIPOVUNJIKA AMANA

Haingekuwa insafu kusimulia mazuri tu, tukaficha mabaya. Mto huo huo uliopitisha unga na vitabu ulipitisha na dhulma.

Chini ya mto, katika mabwawa ya Basra, palikuwa na ardhi kubwa iliyofunikwa na chumvi. Wenye mali waliwatia watumwa huko, makundi kwa makundi, wakikwangua tabaka la chumvi ili ardhi ipate kulimwa, kwa chakula kidogo na taabu nyingi. Waliitwa Zanji, jina ambalo waandishi wa Kiarabu walilitumia kwa watu wa pwani yetu na weusi wengine wa upande huu. Mwaka 255 (869) walifanya uasi mkubwa chini ya mtu aliyeitwa Ali bin Muhammad. Vita vilidumu miaka 14. Mwaka 257 (871) waliivamia Basra, watu wengi wasiokuwa na hatia wakauawa na mji ukateketezwa. Nao wenyewe wakaangamizwa mwaka 270 (883) na majeshi ya al-Muwaffaq, ndugu yake Khalifa, katika mapigano yaliyopiganwa mara nyingi juu ya vyombo, ndani ya mifereji. Hatuhalalishi damu iliyomwagwa. Lakini dini inayohisabu kuwa kumwacha huru mtumwa ni ibada kubwa haikumpa tajiri yeyote rukhusa ya kumchosha binadamu kama mnyama. Dhulma ilipandwa shambani chini ya mto, na khofu yake ikapanda juu mpaka Baghdad.

Jambo la pili ni la mfereji. Mashariki ya Dijla ulipita mfereji mkubwa wa Nahrawan, uliochimbwa na wafalme wa Kiajemi kabla ya Uislamu, ukanywesha mashamba mengi yaliyoilisha Baghdad. Mwaka 326 (938) amiri aliyeitwa Ibn Ra'iq, katika kugombea ukubwa na mwenziwe Bajkam, aliuvunja ukingo wa mfereji ili maji yamzuie adui yake. Adui hakuzuilika, Bajkam aliingia Baghdad akashika cheo. Lakini maji yalimwagika, mashamba yakakauka na wakulima wakahama. Wako watawala waliojaribu kutengeneza baadaye, na Adhud ad-Dawla, aliyefariki mwaka 372 (983), anasifiwa kwa kufukua mifereji na kujenga hospitali kubwa kando ya Dijla. Lakini Nahrawan haukurudi kamwe kama ulivyokuwa. Kilichojengwa kwa vizazi kilibomolewa kwa ugomvi wa watu wawili.

Na la tatu ni la mizani. Ibn Jubayr, tuliyemtaja kwenye daraja, aliwasifu mno wahubiri wa Baghdad. Alihudhuria mawaidha ya Ibn al-Jawzi akaona watu wakilia kwa toba. Lakini msafiri huyo huyo alilalamika kuwa sokoni mgeni alipunjwa, dinari zilikatwa kingo, na wapimaji walikuwa wale wale walioonywa na sura ya 83. Tafakari juu ya jambo hili! Machozi msikitini na upunjaji sokoni, katika mji mmoja na wiki moja. Abu Hanifa aliyatoa sadaka mauzo yake yote kwa ajili ya kitambaa kimoja chenye aibu; baada ya miaka zaidi ya mia nne, katika mji ule ule alimozikwa, mgeni hakuipata pishi kamili.

Mwaka 656 (1258) Wamongoli wa Hulagu waliingia Baghdad, wakaua, wakachoma. Watu husimulia kuwa maji ya Dijla yaligeuka rangi kwa wino wa vitabu vilivyotupwa humo. Ibn Battuta, yule aliyekuja Mombasa na Kilwa mwaka 1331, alikuwa amepita Baghdad mwaka 1327, na akakuta sehemu kubwa ya upande wa magharibi ni magofu. Wengi husema kuwa Wamongoli ndio walioiua Baghdad, na ni kweli kwamba pigo lao lilikuwa kubwa. Lakini mwenye kusoma tarikh kwa makini ataona kuwa mfereji ulikuwa umevunjwa na wenyewe zaidi ya miaka 300 kabla ya hapo.

Mto wenyewe haukuacha kazi. Ibn Battuta alikuta madaraja mawili yenye watu, na hamamu zilizopakwa lami mpaka ziking'aa kama marumaru nyeusi. Katika karne ya 19 zikaja meli za moshi baina ya Basra na Baghdad. Baadaye reli na magari yaliondoa mizigo majini, na mwaka 1956 lilipomalizika banio la maji la Samarra, mafuriko yaliyokuwa yakiitisha Baghdad yalipata kuzuiwa. Matishari ya viriba na makapu ya lami yakaondoka pole pole, pamoja na mafundi wake.

SISI NA MAJI YETU

Je, khabari hizi ni za Baghdad tu? Tarehe 29 Aprili 1994 feri ya Mtongwe, Mombasa, ilipinduka karibu na ukingo ikiwa imejaa watu kupita kiasi, na zaidi ya watu 250 wakafa maji asubuhi moja, wengi wao wakienda kutafuta riziki. Tarehe 10 Septemba 2011 meli ya Spice Islander I, iliyotoka Unguja kwenda Pemba, ilizama usiku karibu na Nungwi. Nayo ilipakia abiria na mizigo kuliko uwezo wake, na mamia ya watu, wanawake na watoto wengi ndani yao, hawakurudi. Ziko nyumba katika pwani yetu ambazo mpaka leo zikisomwa khitma majina husomwa kwa kituo, kwa kuwa yametoka mlango mmoja.

Tunasema ni kadari ya Mwenyezi Mungu, na kadari ni haki. Lakini kupakia ni tendo la mkono wa binadamu. Aliyepokea nauli ya mtu wa ziada alijua. Aliyeona maji yamepanda ubavuni alijua. Na sisi abiria, tuliojisukuma kwa kuwa tuna haraka, tulijua pia.

Mtume (s.a.w.) alitupigia mfano wa watu waliopiga kura katika jahazi, wengine wakapata juu na wengine chini. Wa chini walikuwa wakipita kwa wa juu kila wakitaka maji. Wakafikiri kutoboa tundu katika sehemu yao, ili wasiwaudhi wenzao. Mtume akabainisha kuwa wa juu wakiwaacha, wote watahiliki. Na wakiwashika mikono, wote wataokoka. Mfano huu wameupokea wanachuoni katika hadithi sahihi, kutoka kwa Nu'man bin Bashir, na sisi watu wa bahari tunaufahamu pengine kuliko watu wa bara.

Basi muhtasib wa Dijla amekwisha kwenda zake, lakini kazi yake haikufa. Muuza samaki anayejaza mizani yake ni muhtasib wa nafsi yake. Mama anayemkataza mwanawe kupanda mashua iliyojaa, hata kama wenziwe wanamcheka, ni muhtasib wa nyumba yake. Abiria anayeshuka na kusema kwa sauti kwamba chombo kimezidi, amewashika mikono watoboaji. Na mwenye madaraka bandarini anayekizuia chombo kisitoke siku ya upepo, akavumilia lawama za wenye haraka, huyo amefanya kazi aliyoieleza Mawardi, na ujira wake uko kwa Mola wake.

Mwenyezi Mungu atujaalie tuwe wenye kutimiza mizani, wenye kuchunga roho za watu katika nchi kavu na katika maji, na awarehemu wote waliotangulia kwa kuzama, awahesabu miongoni mwa mashahidi. Amin.